Jibu Lisilozikwa

Mjukuu wangu amepewa spika. Watu wa kampeni walikuja na gari lao kutoka Masasi, wakamsikia akiwafokea mbuzi wa jirani watoke kwenye mihogo yetu, na kabla jua halijapinda walikwisha kumpandisha juu ya gari na kumshikisha kipaza sauti. Sasa yeye ndiye mwitaji. Anaita "Uhuru!" na kijiji kizima, wenye meno na vibogoyo, kinajibu "Na kazi!" Wanamzungusha Chiungutwa, wanampeleka Lupaso, wanafika naye mpaka Ndanda, na kila akirudi amefura kwa furaha kama andazi. Tunachagua rais, bibi, ananiambia. Mara ya kwanza tangu dunia iumbwe, tunachagua rais.

Sina ugomvi na rais. Nitakwenda kupiga kura kama wenzangu, miguu ikinibeba. Lakini siitikii. Anapoita, mdomo wangu naufunga, na watu wameanza kuliona hilo.

"Bibi, unanitia aibu," aliniambia juzi, akila ugali wangu. "Watu wanauliza kama bibi yangu ni mpinzani."

"Mpinzani wa nini? Kuku wangu mwenyewe ananishinda."

"Basi itikia, bibi. Neno moja tu. Linakupunguzia nini?"

Nikaanza kumweleza, gari likapiga honi nje, akanawa mkono na kukimbia. Ndiyo maana naandika. Masista wa Ndanda walinifundisha kusoma na kuandika nikiwa tayari mama wa watoto, wakitumaini kwamba nitaandika sala. Naandika hili. Kijana huyu anadhani watu walianza kuitikiana barabarani mwaka huu, kwa sababu ya gari lake. Mimi nimezisikia kauli hizi tangu Mjerumani, na aliyekuwa akiziita ni baba yangu. Sauti anayoitumia mjukuu wangu kwenye spika yao si yake. Ni ya baba, imeruka vizazi viwili na kumwangukia yeye, na ningekuwa na uwezo ningeirudisha ilikotoka.

Baba alikuwa Mmakua wa upande wa Masasi. Alioa kwetu, huku juu ukingoni mwa nyanda za Newala, na kwa desturi yetu mwanamume huja kujenga kwa mkewe, akalima shamba la mama mkwe, na watoto anaozaa huwa wa ukoo wa mama yao. Mkubwa wa watoto ni mjomba. Mjomba wangu, kaka mkubwa wa mama, ndiye aliyekuwa mwenye kitongoji. Yeye akisema mtoto aende, mtoto anakwenda. Akisema mkwe afunge virago, mkwe anafunga. Baba kwetu alikuwa mgeni mwenye watoto.

Ila alikuwa na sauti. Siku za ujima, watu wanapoalikana kulimiana mashamba kwa zamu, yeye ndiye aliyekuwa mwimbishaji. Watu husimama kwa mstari, naye yumo katikati yao na jembe lake. Anaita neno, analivuta, majembe yote yanapanda juu. Watu wanajibu kwa mkato, majembe yote yanashuka. Anaita, wanajibu, mpaka shamba linakwisha na watu hawajui limekwishaje. Nilipokuwa mdogo nilidhani ni sauti yake inayolima, majembe yanaifuata tu.

Maneno ya kuita alikuwa akiyabadilisha apendavyo. Jibu halibadiliki. Jibu lilikuwa moja kwa msimu mzima, na yeye ndiye aliyelitoa, siku ya kwanza ya kulima. Nakumbuka mwaka ambao jibu lilikuwa "Ipo!" Baba anaita, "Mvua?" Watu: "Ipo!" "Njaa?" "Ipo!" "Kodi?" "Ipo!" Siku moja, kwa uchokozi wake, akaita "Mama mkwe?" na mstari mzima ukajibu "Ipo!" kana kwamba bibi yangu ni ndoo. Hakuna aliyekusudia. Mdomo ulikwisha kuzoea, ukatangulia akili. Bibi alitupa jembe chini akaenda zake nyumbani, na baba alimpelekea kuku kumwomba radhi. Tulicheka mwezi mzima. Leo nikikikumbuka kicheko kile mwili unanisisimka, kwa sababu kilichokuja kutuua kilikuwa ndicho kile kile kilichotuchekesha.

Wazee wetu walilijua jambo hilo, nao walikuwa na dawa yake. Baada ya mavuno watu wote walikusanyika shambani, mabua yakiwa yamekatwa. Baba aliita kwa sauti ile ile ya msimu mzima, na kila mtu aliziba mdomo wake kwa kiganja asijibu. Kisha baba alichimba shimo dogo kwa jembe, akatia unga mpya wa mtama, akafukia. Hapo jibu limezikwa. Kuanzia siku hiyo, baba akiita, midomo ilikuwa mitupu, ikingoja jibu jingine. Jibu ambalo halijazikwa, walisema, linabaki mdomoni kama punje ya mtama kwenye pengo. Halikuumizi, lakini lipo.

Naandika haya kwa Kiswahili, lakini wakati ule tulikuwa tukiyasema kwa Kimakonde. Kiswahili kilikuja kwetu na akida. Alikuwa mtu wa pwani, kanzu safi, kiboko kwapani, amewekwa na Mjerumani kukusanya kodi na kutusimamia tulime pamba huko bondeni, chini ya genge, ule mteremko mkali wa mawe, njia ya kwenda Masasi. Siku alipomsikia baba akiimbisha, uso wake ulifunguka. Aliona kwamba watu wakiwa na mwimbishaji wanalima zaidi na kiboko kinapumzika. Akamwondoa baba kwenye mstari, akamsimamisha pembeni, na jibu akalitoa yeye mwenyewe: "Ya Serikali!"

Basi ikawa hivyo. "Pamba?" "Ya Serikali!" "Jembe?" "Ya Serikali!" Siku moja baba akachomeka, "Mgongo?" Na watu wote, migongo ikiwa inawaka jua na wengine ikiwa na alama za kiboko, wakajibu "Ya Serikali!" Akida akatabasamu. Alimpa baba kofia. Baba hakuivaa hata siku moja, na msimu ulipokwisha alilizika jibu lile kwa shimo refu kuliko yote niliyowahi kuyaona, akalikanyaga kwa kisigino.

Hiyo ndiyo kauli ya kwanza ya serikali niliyoisikia katika maisha yangu, nami naomba mjukuu wangu aiandike mahali.

Kisha akaja mtu wa dawa. Alitokea upande wa Liwale, akapita Masasi, akapanda kwetu wakati watu wanafyeka mashamba mapya. Alikuwa na kibuyu, na maneno yake yalikwisha kumtangulia: kwamba ipo dawa ya maji, ukinyunyiziwa, risasi ya Mjerumani itateremka mwilini mwako kama matone ya mvua. Alihitaji maji ya kuchanganyia dawa yake, na kwetu maji hayapo. Huku juu kisima ni hadithi; wanawake tulikuwa tukishuka genge tangu alfajiri na kupanda na mitungi kichwani jua likiwa kali. Mama ndiye aliyeambiwa akalete. Aliutua mtungi mbele ya mtu yule, akajifuta jasho na kusema, "Dawa inayoweza kuigeuza risasi kuwa maji, ingeanza na haya mawe yetu ikayageuza kisima."

Mjomba akamkaripia anyamaze. Mjomba alikuwa amechapwa kiboko na akida mbele ya watoto wake, na tangu siku ile hakuwa mtu wa kucheka. Alitaka dawa ile iwe kweli kuliko alivyotaka kula.

Mtu wa dawa alisema kila kitongoji kiwe na neno moja, ili watu wajuane vitani, Wamakonde, Wamakua, Wayao, Wangindo, wote. Neno lenyewe ni "Maji!" Kwetu maji huitwa medi, lakini alisema liwe hilo hilo la Kiswahili kwa sababu ni la wote. Na alitaka mwimbishaji wa kulifundisha.

Baba hakutaka. Nilikuwa nimekaa karibu na mama, nikichambua kunde, nikasikia kila neno.

"Shemeji," baba alimwambia mjomba, "jibu la shamba lina mavuno yake, tunalizika, tunaendelea. Hili la vita tutalizika lini? Vita havina mavuno."

"Tukishinda utalizika."

"Na tusiposhinda?"

"Wewe ni mkwe," mjomba akasema. "Hapa kwangu unalima. Huamui."

Basi baba akaimbisha. Sitasema uongo ili nimfurahishe mtu: ilikuwa tamu. Watu walikuwa wakifyeka vichaka kwa miundu na mashoka, baba anaita "Risasi?" nao "Maji!" "Kiboko?" "Maji!" "Akida?" "Maji!" Sikuwahi, na tangu hapo sijawahi, kusikia watu wakijibu namna ile. Hata mama, aliyeidhihaki dawa, alijibu. Wazee waliokuwa hawainuki jamvini waliinuka. Mwezi mzima hakuna kilichosikika huku juu isipokuwa jibu lile, asubuhi kwenye vichaka na jioni njiani, na watoto walikuwa wakilicheza. Mtu ambaye hajawahi kuchapwa na kisha akaambiwa kwamba kiboko ni maji, asinifundishe mimi nguvu za maneno.

Walishuka genge wakiimba. Walirudi kimya. Masasi walichoma kanisa na nyumba za wamisionari, hilo walilifanya, lakini walipokutana na bunduki, risasi zilikuwa risasi. Wajomba zangu wadogo, wale waliokuwa wakinibeba mabegani, walibaki huko. Baba alirudi na kidonda cha mguu na hakuzungumza. Mama alipomuuliza habari za kaka zake, alitikisa kichwa.

Baada yao walipanda askari. Walichoma maghala, walichoma mtama uliokuwa umefungwa kwa mbegu, walichinja mbuzi. Hawakuwa na haraka. Sisi tulikaa maporini tukichimba ming'oko, ile mizizi ya porini, tukaichemsha na kuila mpaka tukaichukia, na baadaye hata ya kuichukia ikawa haba. Mdogo wangu aliyekuwa bado anabebwa mgongoni alikufa huko. Mama aliendelea kumbeba kwa sababu hakutaka kumzika mahali pasipo na mtu.

Hakuna aliyelima msimu ule. Hakuna aliyevuna. Kwa hiyo hakuna aliyezika kitu.

Ndipo ikaja habari ya msamaha. Akida, yule yule, kanzu ile ile, alituma watu wapite maporini wakitangaza. Vitongoji vyote vije Newala barazani, vitoe silaha, na mbele ya bwana mkubwa wa Kijerumani vimshangilie Kaisari wa Ulaya. Kitongoji kitakachoshangilia vizuri kitapewa msamaha na mbegu za mtama. Kisichofanya hivyo, wanaume wake watapelekwa Lindi minyororoni. Na kwa kuwa akida alikuwa mtu wa kukumbuka vitu vya manufaa, aliongeza: yule mwenye sauti aje, yeye ndiye ataita. Ataita "Kaisari!" na watu watajibu "Hura!"

Nilimwona baba akipokea habari ile. Aliketi chini palepale alipokuwa amesimama.

"Mpeni mwingine," alisema. "Mtu yeyote. Mpeni kipofu, mpeni mwenye kigugumizi. Mimi nikiita, watajibu lile."

Mjumbe wa akida hakuelewa. Kwa mtu wa pwani, jibu ni jibu, ukiambiwa sema hura unasema hura. Lakini sisi wote tulielewa, na tukatazamana. Jibu la mwisho ambalo baba alitupa lilikuwa bado halijazikwa. Lilikuwa midomoni mwetu, chini ya njaa na kilio, likingoja sauti yake tu.

Baba akamwendea mjomba. "Tulizike kwanza. Tukusanyike, niite, wazibe midomo, nifukie. Hakuna unga, lakini nitatia majivu, nitatia vumbi la ming'oko, wazee watatusamehe."

"Uite 'Risasi?' kwa sauti hiyo yako, huku askari wamelala bondeni?" mjomba alisema. "Watu watatu wakisahau kuziba midomo, tumekwisha wote. Hapana."

"Shemeji, nitakufa."

"Tusipokwenda, tutakufa sote."

Mjomba hakuwa mtu mbaya. Nimekuwa na maisha marefu ya kumchukia na bado nashindwa kusema kwamba alikuwa mtu mbaya. Alikuwa na kitongoji chenye njaa mkononi, na mkwe mmoja.

Baba akajaribu njia nyingine. Alikwenda nyumba kwa nyumba, au tuseme kibanda kwa kibanda, akiwafundisha watu kwa kunong'ona: hura, semeni hura, hata kama hamjui maana yake. Waliinamisha vichwa kukubali. Walisema vizuri akinong'ona. Na kwa kuwa alijua kwamba mwili unaifuata sauti na si neno, aliamua kuiharibu sauti yenyewe. Nilipokuwa nikishuka genge na mtungi nilimkuta amesimama kwenye jabali, akifanya mazoezi ya kuita vibaya. Anaita "Kaisari!" puani. Anaita kooni, kama mtu aliyepaliwa. Aliponiona aliona haya, mtu mzima yule, baba yangu, aliyekuwa hajawahi kuona haya kwa sauti yake.

"Unaijua?" aliniuliza. "Ukiisikia hii, unanijua?"

"Hapana, baba."

"Vizuri," alisema, na akaendelea.

Tulikwenda Newala. Watu walikuwa wengi na wembamba. Bwana mkubwa alikaa kwenye kiti, akida kasimama pembeni, askari wamezunguka. Vitongoji vingine vilitangulia. Waliita watu wengine wenye sauti za kawaida, watu wakajibu "Hura" kwa uchovu, mbegu zikatolewa. Mama alikuwa ameyakazia macho magunia ya mbegu. Mimi nilikuwa nyuma na watoto, nikitafuna kipande cha ming'oko nilichokuwa nimekificha.

Zamu yetu ilipofika, mjomba akamsukuma baba mbele kwa kiganja, taratibu, kama unavyomsukuma mtoto aende akaamkie wageni.

Baba akaita puani. "Kaisari!" Tukasikia "Hura," dhaifu, lakini hura. Akaita tena kwa sauti ile mbovu. "Hura." Nikaanza kuamini. Mama alikuwa akitikisa kichwa polepole, ndiyo, ndiyo, hivyo hivyo.

Bwana mkubwa akamwambia akida jambo na wakacheka. Akida akaja mbele, amekasirika, kwa sababu alikuwa amemsifia mtu wake na sasa mtu wake anamwaibisha.

"Unanifanyia mchezo? Sauti ile ya kwenye pamba iko wapi?"

"Nina kikohozi, bwana."

Akida akachomoa kiboko kwapani. Lakini hakumpiga baba. Alimwelekezea mama, aliyekuwa mbele na mgongo wake uliokuwa haujapona kutokana na kumbeba mtoto aliyekufa. "Ita vizuri," akasema, "au nimsaidie huyu kukufundisha."

Baba alimtazama mama. Alivuta pumzi mpaka mbavu zake zote zikahesabika. Kisha akaita.

Sijui niandikeje. Miezi ile yote ya kimya ilikuwa imekaa kifuani mwake. Neno lile la kigeni lisilo na maana kwetu, Kaisari, alilivuta kama alivyokuwa akiivuta mvua, na njaa, na mama mkwe. Niliona mikono ya watu ikipanda. Walishika hewa, kwa sababu majembe hayakuwapo. Kisha mikono yote ikashuka pamoja, na kitongoji chote, wanaume kwa wanawake, mama, mjomba mwenyewe, wakajibu kwa sauti moja ya mkato.

"Maji!"

Mimi sikujibu. Sijisifu; mdomo ulikuwa umejaa ming'oko.

Niliwaona watu wakigundua walichokisema, mmoja baada ya mwingine, kama mtu anayejikuta uchi. Mama alijiziba mdomo kwa kiganja, vile vile inavyofanywa siku ya kuzika jibu, lakini siku yake ilikuwa imekwisha kupita. Akida alikuwa amegeuka rangi ya majivu. Bwana mkubwa hakuhitaji mkalimani kwa neno lile. Ndilo neno moja la nchi hii alilokuwa analijua vizuri.

Aliuliza ni nani aliyejibu. Akauliza tena, na askari wakakoki bunduki. Ndipo mjomba alipopiga magoti na kusema maneno ambayo nimeyasikia tangu siku hiyo katika kila jambo baya linalotokea duniani.

"Sisi tuliitikia tu, bwana. Aliyeita ni yeye."

Na lilikuwa kweli. Huwezi kunyonga nyanda nzima. Mwenye kuita ni mmoja, na kamba inamtosha.

Walimfunga kwenye nguzo mpaka asubuhi. Bwana mkubwa alisema kitongoji chetu kitapewa nafasi nyingine papo hapo, kwa kuwa yeye ni mtu wa haki. Akasimamishwa mwitaji mwingine, kijana wa jirani, sauti kama ya mbuzi. Akaita "Kaisari!" Na watu wetu wakajibu "Hura!" Walijibu kwa nguvu, kwa pamoja, wazi, bila hata mmoja kukosea, mara zote alizowataka. Baba alikuwa hatua chache tu kutoka pale na alisikia. Nilikuwa namtazama. Hakuonyesha hasira. Alikuwa akisikiliza kama mwalimu, na nadhani lililomuumiza ni kwamba maisha yake yote aliamini watu hawawezi kuliacha jibu mpaka lizikwe kwa unga na jembe. Kumbe wanaweza. Ilihitaji kamba tu.

Walimnyonga jua likichomoza. Mama alipewa mbegu pamoja na wengine, kipimo kile kile, wala hakupunguziwa. Alizipanda. Tungekula nini? Mtama ulistawi mwaka ule, na watu walisema ni neema.

Ujima ulikufa. Walipojaribu kusimama kwa mstari hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kufungua mdomo, na hakuna aliyetaka kumjibu. Kila mtu alilima peke yake, kimya, ameinama kwenye kipande chake. Mjomba aliishi mpaka uzee mkubwa. Nilimpa shikamoo kila asubuhi na aliitikia marahaba, na hatukuwa na jambo jingine la kuambiana. Mama alisema jambo moja tu kuhusu siku ile, naye alikuwa anakaribia kufa: kwamba mpaka leo, akisikia mtu anaita kwa mbali, ulimi wake unainuka wenyewe, na neno linalotaka kutoka ni lile lile.

Jana nilimweleza mjukuu wangu kiasi alichonipa nafasi. Alisikiliza amesimama, kwa sababu vijana wa siku hizi wana magari yanayowangoja. Alihuzunika, ni mtoto mwenye moyo. Akanishika mkono.

"Bibi, ule ulikuwa ukoloni. Sasa tunaita wenyewe."

"Hata baba yangu aliita mwenyewe. Nakuomba jambo moja. Uchaguzi ukiisha, kabla hujarudi nyumbani, wakusanye watu wako, ita, wazibe midomo, chimba shimo. Unga nitakupa mimi."

Alicheka, akanibusu kwenye paji la uso. "Bibi yangu! Jibu hili halizikwi. Hili ni la daima."

Leo asubuhi nilijikongoja mpaka kiwanjani, nikakaa nyuma ya umati. Alipanda juu ya gari akiwa amevaa shati jeupe, akaniona, akapunga mkono. Kisha akaita, akalivuta neno kama lilivyokuwa likivutwa zamani, na mikono ya watu wote ikapanda. Sikumtazama yeye. Niliwatazama majirani zangu, mmoja mmoja, watu wema, watu nilioazimana nao chumvi, wakijibu kwa furaha na midomo iliyo wazi mpaka kooni, na kwenye kila uso nilimwona mtu atakayesema kwamba yeye aliitikia tu.